Sinema ikiisha, nani anabaki kujibu maswali?

Haya ni mazungumzo ya wiki kama yalivyosomwa redioni.

Kuna lalamiko ambalo siku hizi halikosekani penye wazee wawili, iwe ni kijiweni, ndani ya daladala au msibani. Lalamiko lenyewe ni kwamba simu zimewaharibu watoto. Mtoto wa darasa la sita, wanasema, ameshaona mambo ambayo baba yake aliyaona baada ya kuoa. Mimi sina ugomvi na wazee hao. Ninalotaka kusema leo ni kwamba lawama hii si ngeni. Kabla ya simu ilikuwapo mikanda ya video, ikalaumiwa. Na kabla ya video lilikuwapo gari la sinema, lile lililofika kijijini na jenereta na kitambaa cheupe, likafundisha hadharani, kwa kipaza sauti, mambo ambayo mila ilikuwa ikiyanong'ona chumbani.

Mazungumzo yangu yanahusu sinema hizo za mafunzo ya uzazi na magonjwa ya zinaa, na jinsi zilivyotugusa, hasa katika Bonde la Kilombero, kule Ifakara na vijiji vyake, na ng'ambo ya mto upande wa Ulanga. Swali ninalouliza ni hili: je, sinema hizo zilivunja mila, au zilikuja wakati mila imeanza kukosa watu wa kuifundisha?

Tuanze mbali kidogo, maana sisi si wa kwanza kugombana juu ya jambo hili. Huko Marekani, mwaka 1914, ilitoka sinema iitwayo Damaged Goods, iliyotokana na mchezo wa kuigiza wa Mfaransa Eugène Brieux. Habari yake ilikuwa kaswende, jinsi kijana anavyoupata ugonjwa huo na kuuingiza katika ndoa yake. Uingereza nao wakatengeneza ya kwao kwa jina hilohilo mwaka 1919, mara baada ya Vita Kuu ya Kwanza, wakati askari wengi walikuwa wamerudi nyumbani na maradhi. Watu wakagawanyika. Wako waliosema ni elimu, na wako waliosema ni uchafu uliovishwa joho la daktari.

Mwaka 1945 Wamarekani wakatoa nyingine, Mom and Dad, ya msichana aliyebeba mimba kwa kuwa mama yake hakumwambia lolote. Sikilizeni namna walivyoionyesha. Wanawake na wasichana waliingia kwa saa zao, na wanaume kwa saa zao. Katikati ya onyesho alisimama bwana mmoja aliyetambulishwa kuwa mtaalamu wa afya, akahutubia, kisha vikauzwa vitabu, kimoja cha wanaume na kimoja cha wanawake. Bwana huyo aliitwa Elliot Forbes. Ukweli ni kwamba hakuwapo mtu wa jina hilo. Walikuwa waigizaji kadhaa, kila mmoja katika mji wake, wote wakijiita Elliot Forbes kwa wakati mmoja. Ilikuwa biashara, na fedha nyingi ilipatikana.

Nimeitaja hiyo kwa sababu mbili. Kwanza, hata Marekani, nchi tunayoambiwa haina haya, waliona kwamba mambo haya hayatazamwi mume na mke, mkwe na mkwe, wote benchi moja. Pili, walijua kwamba picha peke yake haitoshi, lazima asimame mtu aseme. Ubaya ni kwamba mtu waliyemsimamisha alikuwa wa bandia, na baada ya wiki moja alikuwa mji mwingine.

Sasa turudi nyumbani. Tanganyika ilikuwa moja ya nchi za mwanzo katika Afrika kujaribiwa sinema za mafunzo. Kuanzia mwaka 1935 hadi 1937, pale Vugiri katika milima ya Usambara, palikuwa na mradi ulioitwa Bantu Educational Kinema Experiment, ulioongozwa na Waingereza wawili, Notcutt na Latham, kwa msaada wa fedha za Carnegie kutoka Marekani. Walitengeneza filamu zipatazo 35 juu ya kilimo, kuweka akiba posta, ugonjwa wa safura na kadhalika. Sauti waliitia katika sahani za santuri, Kiswahili kikiwamo, kisha wakapakia mitambo kwenye lori wakaizungusha Afrika Mashariki na Kati.

Baadaye, mwaka 1939, Serikali ya Uingereza ikaunda Colonial Film Unit. Mkuu wake, William Sellers, aliyekuwa amefanya kazi ya afya Nigeria, alishikilia kwamba Mwafrika aonyeshwe picha za polepole na hadithi rahisi, eti nyingine hataziweza. Ni katika miaka hiyo ya 1940 ilipotoka filamu juu ya magonjwa ya zinaa iitwayo Mr. Wise and Mr. Foolish Go to Town, yaani Bwana Busara na Bwana Mpumbavu waenda mjini. Jina peke yake limeshatoa hukumu. Ugonjwa uko mjini, na anayeupata ni mpumbavu.

Fundisho la namna hiyo liliendelea katika sinema zetu za Kiswahili za miaka ya 1950. Muhogo Mchungu, ambamo aliigiza kijana Rashidi Kawawa, aliyekuja kuwa Waziri Mkuu wetu, ilionya watu juu ya hatari za mjini. Watu walizipenda sinema zile, maana waliwaona watu wa kwao wakisema Kiswahili. Lakini angalieni kilichoachwa. Hazikuuliza kwa nini kijana ametoka kwao. Hazikueleza kwamba kodi ya kichwa ndiyo iliyomsukuma kwenda kutafuta kibarua, na kwamba kambini alilazwa na wanaume wenzake mwaka mzima bila mke. Mzigo wote ukawekwa juu ya tabia ya mtu mmoja.

Bonde la Kilombero linaijua habari ya kambi. Mwanzoni mwa miaka ya 1960 kilifunguliwa kiwanda cha sukari upande wa Kidatu. Katika miaka ya 1970 ikajengwa reli ya TAZARA, ikapita Ifakara na Mlimba, na Kidatu pakajengwa bwawa la umeme. Katika miaka ya 1990 ikafuata kazi ya umeme ya Kihansi. Kila kazi ilileta wanaume kwa mamia, vijana wenye mshahara na wasio na wake zao karibu. Palipo na mshahara hufuata pombe, mama lishe, vyumba vya kupanga na mapenzi ya muda. Kumwambia mtu wa hapo kwamba ugonjwa ni wa wapumbavu wa mjini ni kumfundisha asichokiona kwa macho yake. Ugonjwa ulikwisha kushuka stesheni.

Ndugu wasikilizaji, kabla ya sinema mambo haya yalifundishwaje? Katika bonde lile, kwa Wapogoro, Wandamba na jirani zao, msichana alipovunja ungo aliwekwa ndani. Akina mama wakamfunda. Mwenye kazi hiyo hakuwa mama mzazi, maana mama na binti wana haya baina yao. Alikuwa bibi, shangazi, au somo aliyechaguliwa. Mvulana naye aliyasikia ya kwake kwa babu, kwa njia ya utani, maana babu na mjukuu wanaruhusiwa kuambiana yale ambayo baba na mwana hawaambiani. Kila neno lilikuwa na mtu wa kulisema na mtu wa kulisikia. Walipokosana watu hao, neno halikusemwa.

Nisije nikaeleweka kwamba naisifu mila tu. Mafunzo yale yalikuwa na kasoro zake. Msichana alifundishwa zaidi namna ya kumtunza mume kuliko namna ya kukataa. Akitoka ndani wako waliomhesabu kuwa tayari kwa kuolewa, hata kama umri wake ni miaka 13. Shule ilimsubiri au haikumsubiri. Na somo hakuwa na habari za virusi, maana vilikuja baada yake. Mimi simwombei somo arudi kama alivyokuwa. Ninachosema ni kwamba alikuwa na sifa moja ambayo sinema haikuwa nayo: alikaa kijijini. Msichana akipata tatizo mwaka wa pili, alijua mlango wa kubisha hodi.

Ndipo likaja gari la sinema la wakati wa UKIMWI. Wagonjwa wa kwanza nchini walitambuliwa mwaka 1983 huko Kagera, na ilipofika miaka ya 1990 hapakuwa na wilaya isiyozika. Kutoka Zimbabwe zilikuja filamu za mafunzo zilizosambazwa nchi nyingi za Afrika. Consequences ya mwaka 1988 ni habari ya msichana wa shule aliyepata mimba. More Time ya mwaka 1993 ni ya binti anayeanza mapenzi wakati UKIMWI umekwisha kuingia. Uganda nao walitoa It's Not Easy mwaka 1991. Hazikuwa tena za Bwana Busara na Bwana Mpumbavu. Zilikuwa na watu wenye akili wanaokosea, kama sisi.

Nilihudhuria maonyesho kadhaa ya namna hiyo mwishoni mwa miaka ya 1990. Moja lilikuwa ng'ambo ya mto, siku zile tukivuka kwa pantoni, kabla ya Daraja la Magufuli kufunguliwa mwaka 2018. Watoto walikaa mbele chini, wanaume nyuma yao, wanawake pembeni. Filamu ilipofika mahali pa mambo ya ndani, mama mmoja mtu mzima alijitanda khanga yake, akasimama, akaondoka pamoja na wakwe zake wawili. Nilidhani amechukizwa na sinema. Kesho yake nilimuuliza kwa adabu. Akanijibu kwamba sinema ni nzuri na wasichana wanaihitaji. Lililomwondoa ni kwamba baba mkwe wa wale wanawake alikuwa amekaa hatua tatu kutoka kwao. "Ningewaacha pale," akasema, "kesho wangempelekeaje maji ya kuoga?"

Wataalamu wetu wa miji huwa wanaandika kwamba jamii inapinga elimu ya uzazi. Mama yule hakupinga elimu. Alipinga namna watu walivyoketishwa. Na hilo lingerekebishwa bila gharama yoyote, kwa kuonyesha filamu ileile mara mbili, akina mama saa kumi chini ya paa la shule na akina baba usiku uwanjani.

Jambo jingine nililoliona usiku ule ni vijana. Filamu ilipokwisha, mtangazaji akauliza kama kuna maswali. Kimya. Watu mia tatu, nani atainua mkono aulize habari ya usaha au ya kuchelewa siku zake? Wakati mitambo inafungwa, wasichana wanne walikuwa wakilizunguka gari kwa mbali, wakisukumana. Dereva akapiga honi, gari likaondoka kuwahi pantoni. Wale wasichana na maswali yao walibaki pale.

Je, sinema hizo zilitubadilisha vipi? Nasema zilileta mema mawili makubwa. Kwanza, zilitupa maneno. Kabla yake wengi wetu tulikuwa na matusi kwa upande mmoja na mafumbo kwa upande mwingine, na katikati hapakuwa na neno la kumwambia mganga wa zahanati. Sinema zilitufundisha kusema kisonono, uzazi wa mpango, kondomu, bila kuonekana mhuni. Pili, zilimtoa msichana katika lawama ya peke yake. Hasa Yellow Card ya mwaka 2000, ambayo iliigeuza hadithi: mvulana mcheza mpira ndiye anayebaki na mtoto mikononi na kuulizwa atafanya nini. Katika nchi ambayo mimba ilihesabiwa kuwa kosa la mwenye tumbo tu, hilo lilikuwa somo zito.

Lakini palikuwa na upungufu, na haukuwa wa filamu peke yake. Sheria ya Filamu na Michezo ya Kuigiza ya mwaka 1976 iliweka bodi ya ukaguzi, na katika majumba ya sinema mikasi ilifanya kazi. Kijana aliyekwenda mjini alitazama sinema ya Kihindi, akaona mapenzi ya nyimbo, bustani na machozi, mapenzi yasiyo na mwili. Akirudi kijijini akatazama filamu ya afya, akaona mwili wenye vidonda, mwili usio na mapenzi. Hakuna aliyemwonyesha vyote viwili katika mtu mmoja. Mikanda ya ngono ilipoingia kwa siri katika vibanda vya video, ilikuta mahali patupu, ikajifanya mwalimu.

Sasa tujiulize, elimu ya picha na mafunzo hubadili watu kweli? Tunao ushahidi wetu wenyewe wa Kitanzania. Mkoani Mwanza, kuanzia mwaka 1999, uliendeshwa mpango wa MEMA kwa Vijana katika jumuiya 20, nusu zikapata mafunzo na nusu zikasubiri. Palikuwa na masomo darasani, huduma za zahanati na shughuli za vijijini. Walifuatiliwa vijana zaidi ya 9,000. Matokeo yakaonyesha kwamba ujuzi wa vijana uliongezeka na wakaukumbuka kwa miaka mingi. Lakini maambukizo ya virusi vya UKIMWI hayakupungua kuliko kule kusikokuwa na mpango. Kujua ni jambo moja, na kuweza ni jambo la pili, maana msichana huishi na watu wazima ambao hawakukaa darasani naye.

Upande wa pili, mwaka 1993 Radio Tanzania ilianza mchezo wa Twende na Wakati, wenye yule dereva wa lori, Mkwaju, na wanawake wake wa njiani. Kituo cha Dodoma hakikuurusha hadi mwaka 1995, na kwa hiyo watafiti wakaweza kulinganisha. Waligundua kwamba mahali ulikosikika, watu wengi zaidi walianza kutumia uzazi wa mpango, na kwamba mume na mke walikuwa wakizungumza zaidi wao kwa wao. Sisemi haya kwa kuwa nami nasimama mbele ya kipaza sauti. Mchezo ule ulirudi kila wiki, nao uliwaacha watu nyumbani na jambo la kubishania hadi wiki ijayo. Kilichosaidia ni ubishi ule wa jikoni na kitandani.

Tutazame basi hali ya sasa kule bondeni. Wakati wa kilimo cha mpunga, wazazi wengi huhamia mashamba ya mbali, wakaishi kwenye dungu kwa wiki na miezi wakifukuza ndege na nguruwe. Wanafunzi hubaki kijijini, dada wa miaka 14 akiwalea wadogo zake. Wa sekondari ambao shule yao iko mbali hupanga geto. Bibi naye yuko shambani, maana ndiye anayepika. Hivyo, katika miezi ambayo msichana anahitaji sana mtu mzima, watu wazima wako ng'ambo. Aliye karibu ni kijana wa bodaboda mwenye nauli na chipsi, na simu yenye kila picha.

Matokeo tunayaona katika takwimu. Utafiti wa kitaifa wa afya wa mwaka 2015 na 2016 ulikuta kwamba asilimia 27 ya wasichana wa miaka 15 hadi 19 walikuwa wamekwisha kuzaa au walikuwa na mimba ya kwanza. Ule wa mwaka 2022 ulikuta asilimia 22 wamewahi kushika mimba. Imepungua, tushukuru, lakini bado ni zaidi ya mmoja kati ya kila watano. Novemba 2021 Serikali iliruhusu wanafunzi waliojifungua warudi shuleni, na huo ni ubinadamu. Hata hivyo, kurudi shuleni na mtoto mgongoni ni safari ya tabu, na ingefaa zaidi isianze.

Wako watakaosema kwamba kuzungumza mambo haya ni kuwafungua macho watoto. Nawaheshimu, na najua kwamba paroko na shehe wote wana neno lao hapa. Lakini macho yameshafunguka. Wahenga walisema asiyefunzwa na mamaye hufunzwa na ulimwengu, na ulimwengu siku hizi unauzwa kwa vocha ya shilingi mia tano.

Mimi napendekeza mambo manne, yote ya bei nafuu. Filamu zionyeshwe, na zile nzuri za zamani zisioze makabatini, ila wake kwa waume watenganishwe na wazazi wawe na siku yao. Maonyesho yafanywe kabla watu hawajahamia mashambani. Kila kijiji kichague akina mama wawili na akina baba wawili wanaoaminika, wafundishwe na zahanati, wajulikane kwa majina kwamba ndio wa kuulizwa, na wakati wa kilimo mmoja wao abaki kijijini kwa zamu. Na panapojengwa sekondari, bweni la wasichana lijengwe kabla ya ofisi ya mkuu wa shule.

Ifakara ina hospitali na taasisi ya utafiti ambazo zimekuwa zikipambana na malaria kwa miongo mingi. Watu wa bonde lile walijifunza kulala ndani ya chandarua kwa sababu muuzaji wa chandarua alikuwa dukani kesho yake, na mhudumu wa zahanati alikuwapo kesho kutwa. Wasichana wanaouliza juu ya miili yao wanastahili kupata mtu wa kuwajibu kesho yake pia.